Habari za Maktaba za Kompyuta na Elimu ya Kuzitambua

Tarehe 6 Mei 1949, katika Maabara ya Hisabati ya Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, mashine iitwayo EDSAC, iliyojengwa na Maurice Wilkes pamoja na wasaidizi wake, ilitoa majawabu ya hesabu yake ya kwanza. Na hazikupita siku nyingi ila wale waliokuwa wakiihudumia walibaini kwamba taabu kubwa ya kazi yao haikuwa katika kuijenga mashine bali katika kuiamuru, kwa kuwa kila aliyekuja na tatizo jipya alilazimika kuandika upya, amri baada ya amri, mambo ambayo mwenzake alikuwa amekwisha kuyaandika, kuyajaribu na kuyasahihisha. Kukokotoa kosaini ya pembe, kugawanya namba kwa namba, kuchapa jawabu karatasini kwa safu zilizonyooka: haya yalikuwa mahitaji ya wote, wala haikuwa insafu kila mmoja ayatafutie dawa peke yake. David Wheeler, ambaye wakati huo alikuwa mwanafunzi wa utafiti, akabuni njia ya kuifanya programu iruke mpaka katika kifungu cha amri kilichoandikwa na mtu mwingine, kifungu kikatimiza kazi yake, kisha programu ikarejea pale pale ilipoachia bila ya kupotea njia. Na vifungu hivyo vilipokuwa vingi vikatobolewa katika kanda za karatasi, kanda zikapangwa katika kabati la chuma, na jumla yake ikaitwa maktaba.

Maktaba ile ilikuwa na fahirisi. Herufi D iliwekewa vifungu vya kugawanya, L vya logarithimu, T vya hesabu za pembe, V vya vekta na matriksi, P vya kuchapa, R vya kusoma. Chini ya kila herufi kulikuwa na nambari, na mbele ya kila nambari kuliandikwa kifungu kinafanya nini, kinachukua nafasi kiasi gani katika kumbukumbu ya mashine, na kinatumia muda gani. Mwenye haja alikwenda kabatini, akaitwaa kanda aitakayo, akaipitisha katika mashine ya kunakili mpaka matundu yake yakatokea katika kanda yake mwenyewe, kisha akairudisha mahali pake. Kufikia mwaka 1951 vifungu vilikuwa 87, na mwaka huo huo Wilkes, Wheeler na Stanley Gill walitoa kitabu kilichoieleza maktaba yote kwa watu wa nje, nacho kikawa mwalimu wa wajenzi wa mashine katika nchi nyingi.

Nimelianza simulizi na kabati hilo kwa sababu ndilo kipimo nitakachopimia yote yajayo. Pale Cambridge mtungaji, mtunzaji na mtumiaji waliishi chini ya paa moja, na kwa hiyo hapakuwapo kifungu kisichojulikana baba yake wala kazi yake. Yaliyofuata katika miaka 50 ni habari ya maktaba zilizokua kuliko fahirisi zake, hata ulimwengu ukajaa mafaili ambayo kompyuta huyatii na binadamu hayajui. Na baada ya hapo ni habari ya watu waliojitwika kuiandika upya fahirisi iliyopotea, wakianzia mwisho na kurudi mwanzo, kwa kulihoji kila faili lenyewe juu ya asili yake.

Ushirika wa Cambridge ulikuwa ushirika wa nakala: kila programu ilibeba nakala yake ya kifungu, na programu kumi zenye haja ya kosaini zilikuwa na kosaini kumi. Maadamu mashine ilifanya kazi ya mtu mmoja kwa wakati mmoja, hapakuwa na hasara. Lakini mwaka 1965 mafundi wa Massachusetts Institute of Technology, kampuni ya General Electric na Bell Labs walipotangaza mpango wao wa Multics, mashine moja iliyokusudiwa kuwatumikia watu wengi kwa pamoja, waliweka ndani yake fikra mpya, nayo ni kwamba kifungu kikae katika kumbukumbu mara moja tu, na kila programu ikihitaji ikiunge papo hapo, wakati inapoendelea na kazi. Hii ndiyo asili ya maktaba ya pamoja kama tuijuavyo leo: faili lisiloweza kuendeshwa peke yake, lakini ambalo programu nyingine haziwezi kwenda bila yake. Unix, iliyozaliwa mwaka 1969 mikononi mwa watu waliotoka katika kazi ya Multics, ilikaa muda mrefu bila ya kuirithi fikra hiyo. Ilipofika mwaka 1988, katika SunOS 4.0, Unix ya kampuni ya Sun, ndipo ilipoipokea kwa ukamilifu.

Hata hivyo si Unix iliyoujaza ulimwengu mafaili yasiyo na nasaba. Heshima hiyo, ikiwa ni heshima, ni ya Windows. Tarehe 20 Novemba 1985 Microsoft ilipotoa Windows ya kwanza, kompyuta iliyotakiwa kuibeba ilihitaji kumbukumbu ya kilobaiti 256 tu, kiasi kisichotosha leo kuhifadhi picha moja iliyopigwa kwa simu. Na katika nafasi finyu namna hiyo kugawana hakukuwa ihsani bali dharura. Mfumo wenyewe ulikuwa ni maktaba tatu, KERNEL iliyotunza kumbukumbu na mafaili, USER iliyosimamia madirisha na vitufe, na GDI iliyochora; na jambo la kuangaliwa ni kwamba maktaba hizi tatu, zilizokuwa mama wa nyingine zote, hazikuwa na kiambishi cha DLL, alama ya maktaba ya pamoja ya Windows, mwishoni mwa majina yao, bali ziliishia na EXE kama programu za kawaida. Tangu siku ya kwanza, basi, jina la nje halikuwa shahidi wa kutegemewa.

Na mambo yalizidi kutatanika. Viendeshi vya vifaa viliishia na DRV, fonti na FON, vipande vya paneli ya kudhibiti na CPL, vitufe na visanduku vilivyouzwa kwa watumiaji wa Visual Basic tangu mwaka 1991 viliishia na VBX, na warithi wao na OCX. Vyote hivyo, ukivifungua, ni maktaba za pamoja zilizovaa mavazi mbalimbali. Jina lenyewe halikuruhusiwa kuzidi herufi nane, na katika herufi nane mtungaji alitakiwa kuonyesha kampuni yake, kazi ya faili na toleo lake. VBRUN300.DLL ilisomeka kwa aliyezoea: ni maktaba ya kuendeshea programu za Visual Basic toleo la 3. BWCC.DLL ilikuwa ya kampuni ya Borland, nayo ilichora vitufe vyenye alama ya tiki ya kijani ambavyo waliotumia kompyuta za zama hizo hawatavisahau. Lakini kwa kila jina la namna hiyo palikuwa na mengine mengi ambayo tafsiri yake ilibaki katika kichwa cha mtu aliyelitunga, katika ofisi ya kampuni ndogo iliyouza programu ya mahesabu ya duka au ya kusomea skana, na kampuni ilipofungwa tafsiri ikaenda nayo. Hapakuwa na ofisi iliyoandikisha majina. Watungaji wawili wasiojuana waliweza kuchagua herufi nane zile zile, na walichagua.

Kwa bahati njema faili lina batini yake, na batini haikunyamaza kama dhahiri. Mtu akilifungua faili la maktaba ya Windows kwa chombo cha kuonyesha baiti, atakuta baiti mbili za kwanza ni herufi M na Z, ambazo ni herufi za mwanzo za jina la Mark Zbikowski, mmoja wa mafundi wa MS-DOS aliyelipanga umbo hilo la faili. Na huenda hakuna mtu mwingine ambaye herufi za jina lake zimenakiliwa mara nyingi kuliko zake. Akihesabu mpaka nafasi ya 60 atakuta namba inayomwelekeza mahali penye kichwa cha pili, na huko ndiko kabila la faili linakobainika: NE kwa mafaili ya biti 16 ya Windows za mwanzo, PE kwa mafaili yaliyokuja na Windows NT mwaka 1993 na yanayotumika hata leo, LE kwa viendeshi vya ndani vya Windows 3 na 95, LX kwa mfumo wa OS/2 wa biti 32. Kichwa cha NE kina baiti moja inayotaja mfumo uliokusudiwa, na wajibu wa kuisoma ni mkubwa, kwa sababu OS/2 ya kwanza, iliyotoka Desemba 1987, ilitumia umbo lile lile na kiambishi kile kile cha DLL, na faili lake likitupwa katika folda ya Windows halitofautiki kwa macho.

Katika mafaili hayo ya NE mna hazina nyingine ninayoipenda kuliko zote. Yana majedwali mawili ya majina ya vifungu yanavyovitoa kwa programu nyingine. Mstari wa kwanza wa jedwali moja ni jina la maktaba kama lilivyojulikana na mtungaji wake, hata kama mtu baadaye amelibadilisha jina la faili, na mstari wa kwanza wa jedwali la pili ni sentensi ya maelezo aliyoiandika mtungaji kwa mkono wake wakati wa kulijenga faili. Aghalabu ni maneno machache, jina la bidhaa, pengine mwaka na haki ya kunakili. Lakini kwa faili lisilo na karatasi wala kampuni iliyo hai, mstari huo ndio wasia wake wote. Windows 3.1 ya mwaka 1992 ilileta utaratibu mpana zaidi, jedwali la toleo, lenye nafasi ya jina la kampuni, maelezo ya faili, nambari ya toleo, jina la asili la faili, na lugha. Jedwali hilo lilikuwa hiari. Waangalifu walilijaza, wazembe waliliacha tupu, na wengine walinakili jedwali la mfano kutoka katika kitabu cha mafunzo wakasahau kulibadilisha, hata kazi yao ikatoka na jina la mwingine.

Udhia ulioitwa kwa Kiingereza jahanamu ya DLL ulizaliwa katika miaka hiyo ya 1990, na chanzo chake hakikuwa siri. Kila programu mpya iliyosakinishwa ilikuja na nakala za maktaba ilizozihitaji na kuzimimina katika folda moja ya mfumo. Sheria ilisema kwamba msakinishaji atazame kwanza jedwali la toleo, na asiibandue nakala mpya kwa nakala kuukuu, lakini sheria haikuwa na askari. MFC42.DLL, ambayo jina lake lilitokana na toleo la 4.2 la Visual C++, iliendelea kuitwa hivyo hivyo katika toleo la 5 na la 6, na MSVCRT.DLL nayo vivyo hivyo, kwa hiyo jina moja lilifunika vitu vingi visivyolingana. CTL3D32.DLL, iliyoyapa madirisha sura ya vitu vilivyochongwa, ilikuwa na nakala ya Windows NT na nakala isiyokuwa ya Windows NT, zote kwa jina moja. Programu iliyokuta isiyo yake ilikataa kufunguka, ikamwonyesha mtumiaji ujumbe kwamba nakala hiyo si toleo sahihi, na mtumiaji, ambaye hakuwahi kusikia habari za CTL3D32 maishani mwake, akabaki ameduwaa mbele ya kioo.

Windows 95 ilijaribu kutengeneza mambo kwa kuweka hesabu katika rejista yake: kila programu iliyotumia maktaba ya pamoja iliongeza moja, na kila iliyoondolewa ilipunguza moja, na hesabu ikifika sifuri mtumiaji aliulizwa kama anataka faili lifutwe. Fikra ilikuwa njema. Lakini programu nyingi hazikuhesabu, na swali lilielekezwa kwa mtu asiye na ilimu ya kulijibu; aliyejibu ndiyo aliweza kuivunja programu nyingine bila ya kujua, na aliyejibu la, kwa hofu iliyo halali, aliacha faili lisilo na mwenyewe likae katika folda daima dawamu. Mayatima wengi ninaowazungumzia walizaliwa hivyo. Microsoft yenyewe ilitunga hazina ya taarifa ambamo mtu aliweza kutafuta jina la DLL na kuambiwa ni matoleo gani yaliyotoka na bidhaa zipi, lakini ilihusu mafaili yake tu, na baadaye iliondolewa. Windows 2000 ikaanza kuyalinda mafaili ya mfumo yasibanduliwe na wageni, na Windows XP ya mwaka 2001 ikaruhusu matoleo mbalimbali ya maktaba moja yakae ubavu kwa ubavu, kila programu ikipewa lake. Vita vilipoa, waliokwisha kuwa mayatima walibaki mayatima.

Ujinga wa kutojua faili ni la nani una madhara makubwa kuliko programu kukataa kufunguka, na ushahidi ulikuja mara mbili katika miaka miwili. Mwaka 2001 ulienea kwa barua pepe waraka uliowaonya watu kwamba ikiwa kompyuta zao zina faili liitwalo SULFNBK.EXE basi zina virusi, na kwamba walifute upesi na kuwaarifu jamaa na marafiki. Watu walitafuta, wakalikuta, wakashtuka, wakafuta, wakaarifu. Na hakika walilikuta, kwa sababu lilikuwa sehemu halali ya Windows, kazi yake ikiwa kuyarejesha majina marefu ya mafaili. Mwaka uliofuata ukaja waraka mwingine juu ya jdbgmgr.exe, chombo cha Microsoft kilichohusiana na lugha ya Java, ambacho mtungaji wake alikipa picha ya dubu mdogo wa kuchezea, na picha hiyo ilitosha kuwaaminisha watu wazima na wenye akili kwamba wamevamiwa. Mafaili hayo mawili yalikuwa programu na si maktaba, lakini yaliishi katika giza lile lile. Hapakuwa na virusi. Waraka wenyewe ndio uliofanya kazi ya virusi, ukitumia mikono ya watu, na kilichouwezesha ni kwamba mamilioni ya watu walimiliki mashine zenye mafaili maelfu yasiyo na fahirisi ambayo mtu wa kawaida angeweza kuiendea na kuuliza.

Fahirisi yenyewe, kwa upande wake, ilikuwa imekwisha kuanza kuandikwa, tena na watu ambao wengi wao hawakujuana. Tangu mwaka 1973, katika toleo la nne la Unix, palikuwa na amri iitwayo file, ambayo kazi yake ilikuwa kulitazama faili ndani na kusema ni kitu gani, bila ya kulijali jina. Ilizitegemea alama za mwanzo, zile baiti chache ambazo kila umbo la faili huzibeba mlangoni, kama M na Z kwa upande wa Windows, au baiti ya 7F ikifuatwa na herufi E, L na F kwa maktaba za Unix za sasa. Katika miaka ya 1986 na 1987 Ian Darwin wa Kanada aliiandika amri hiyo upya na kuitoa bure, pamoja na jedwali la alama ambalo yeyote aliweza kuliongezea, na jedwali hilo limeongezwa na watu wengi mpaka leo. Mwaka 2002 watunza nyaraka wa serikali ya Uingereza huko Kew, waliotambua kwamba nyaraka za taifa zitakuja kwao katika mafaili na si katika majalada, walianzisha daftari liitwalo PRONOM, ambamo kila umbo la faili hupewa nambari yake ya kudumu, na mwaka 2005 wakatoa chombo cha DROID cha kulinganisha mafaili na daftari hilo.

Lakini kujua umbo si kujua mtu. Kusema kwamba faili fulani ni DLL ya biti 32 ni sawa na kusema kwamba aliyebisha hodi ni mwanamume. Mwenye nyumba bado anataka jina. Katika Marekani, taasisi ya viwango ya NIST huko Gaithersburg, Maryland, ilianza mwanzoni mwa karne hii kukusanya programu zilizouzwa madukani, kuzihifadhi katika vifurushi vyake vya asili, na kukokotoa heshi ya kila faili lililomo, yaani mfululizo wa tarakimu utokanao na hesabu ipitishwayo juu ya kila baiti, ambao hubadilika kabisa hata baiti moja ikibadilika. Wapelelezi wa polisi walikuwa ndio waliokusudiwa, ili wakiikamata kompyuta ya mtuhumiwa waweze kuyaweka kando mafaili yanayojulikana na kuyashughulikia yaliyosalia. Lakini matunda yake yamewafikia hata watunza makumbusho. Faili likiwa na heshi iliyomo katika daftari la NIST, tunajua lilitoka katika kifurushi gani, toleo gani, la kampuni gani.

Hapa yafaa nikumbushe utaratibu wa wanachuoni wa hadithi, ambao hawaridhiki na matini peke yake hata iwe safi namna gani, bali huuliza isnadi, nani kaipokea kwa nani. Kwa maana heshi huithibitisha matini tu. Inasema faili hili ni lile lile, wala haisemi lile lilitoka wapi. Hilo linajulikana kwa sababu pana mtu aliyekifungua kifurushi kilichonunuliwa dukani, akaandika. Na hata ithibati ya matini ina mipaka. MD5, hesabu iliyotungwa na Ronald Rivest mwaka 1991, ilivunjwa mwaka 2004 na Wang Xiaoyun wa China na wenzake, walioonyesha mafaili mawili mbalimbali yenye heshi moja. SHA-1 ikafuata mwaka 2017. Kwa maktaba kongwe ya mwaka 1993 hatari ya kughushiwa kwa njia hiyo ni ndogo, lakini mwandishi wa daftari aliye makini huandika heshi mbili au zaidi, na ukubwa wa faili pembeni.

Tarikhi nazo zina ghiliba yake. Kichwa cha faili la PE kina nafasi ya tarehe, iliyohesabiwa kwa sekunde tangu tarehe 1 Januari 1970, na mtafiti mchanga huifurahia kama aliyekuta cheti cha kuzaliwa. Lakini mafaili mengi yaliyojengwa kwa matoleo kadhaa ya Delphi, chombo cha kampuni ya Borland, yote yanadai kuzaliwa tarehe 19 Juni 1992, saa, dakika na sekunde zile zile, ilhali Delphi yenyewe ilitoka kwa mara ya kwanza mwaka 1995. Kwa hiyo tarehe hiyo haimwambii mtu siku, lakini inamwambia karakana, na kwa kazi ya kuainisha, karakana ina faida kuliko siku. Katika matoleo ya Windows 10 Microsoft imeacha kuandika tarehe ya kweli mahali hapo, ikaweka heshi badala yake, ili faili likijengwa mara mbili kutoka katika chanzo kimoja litoke sawasawa. Na vyombo vya zamani visivyo na habari hiyo huendelea kuitafsiri kama tarehe, vikatoa miaka ambayo bado haijafika.

Kuna alama nyingine iliyofichika zaidi. Kiunganishi cha Microsoft, tangu miaka ya 1990, huacha kabla ya kichwa cha PE kipande kilichofumbwa, chenye orodha ya zana zilizotumika na matoleo yake, na mwisho wa kipande hicho huonekana herufi nne zinazosomeka Rich. Microsoft haikukitangaza, wadadisi wa nje ndio waliokifumbua. Thamani yake ilidhihirika mwaka 2018, michezo ya Olimpiki ya majira ya baridi huko Pyeongchang, Korea Kusini, iliposhambuliwa kwa programu haribifu. Kipande chake cha Rich kilielekeza lawama kwa kundi la wadukuzi lililokwisha kujulikana, kwani kilifanana na kile cha programu yao ya awali na kilidai kwamba kazi imejengwa kwa Visual C++ 6. Watafiti wa kampuni ya usalama wa kompyuta ya Kaspersky, wakiisoma batini yote na si kipande kimoja, wakakuta ndani yake kumetajwa maktaba ya mscoree.dll, ambayo haikuwapo zama za Visual C++ 6. Kipande kilikuwa kimeghushiwa, kikanakiliwa kutoka kwa mwingine ili asiyehusika alaumiwe. Jina la maktaba moja lilivunja uongo mzima, na hivyo ndivyo inavyokuwa mtu akiwa na elimu ya nasaba ya mafaili: anajua si tu kitu ni nini bali kilianza lini, na kipi hakiwezi kuwa pamoja na kipi.

Yamebaki mafaili yasiyosema lolote, yasiyo na jedwali la toleo, mstari wa maelezo ukiwa mtupu, na vifungu vyake vikitolewa kwa nambari tu bila majina, mtindo uliopendwa zamani kwa kuwa nambari hazili kumbukumbu kama majina. Kwa hayo hakuna njia ila kuzisoma amri zenyewe. Ilfak Guilfanov, mtungaji wa IDA, chombo cha kusomea amri za programu, alibuni katika miaka ya 1990 utaratibu wa kulinganisha baiti 32 za kwanza za kila kifungu na hazina ya vifungu vinavyojulikana, akiziziba zile baiti zinazobadilika kutoka programu hadi programu. Na kwa njia hiyo msomaji huweza kuambiwa kwamba katika faili lisilo na jina, vifungu kadhaa ni vya Borland na kadhaa ni vya Microsoft, na vilivyobaki ndivyo kazi ya mtungaji mwenyewe. Mafundi wa Wine, mradi ulioanza mwaka 1993 wa kuziwezesha programu za Windows kuendeshwa katika Linux, walifanya kazi ya subira kuliko hiyo, kwani iliwapasa kujua kila nambari katika kila maktaba inaitwa kwa kazi gani, na pale walipokosa waliandika kifungu tupu kinachotoa taarifa kikiitwa, wakangoja programu ya mtu fulani mahali fulani iwafunulie. Majedwali yao, kwa rai yangu, ni miongoni mwa tasnifu kubwa za elimu hii, ingawa hayakuandikwa kwa nia ya kuwa tasnifu.

Nimetaja kwamba jedwali la toleo lina nafasi ya lugha. Namba ya Kiingereza cha Marekani ni 0409, na ndiyo inayoonekana katika mafaili mengi ya kale. Kiswahili cha Kenya kina namba yake katika orodha hiyo hiyo, nayo ni 0441; na Microsoft ilipotoa vifurushi vya Kiswahili kwa ajili ya Windows, zilikuja nazo maktaba ambazo hazina amri hata moja ya kuendesha mashine, bali mna maneno tu, maelfu ya maneno na sentensi zilizofasiriwa, ya kila kitufe na kila onyo. Huko Dar es Salaam nako, mwaka 2004, Chuo Kikuu kilishiriki kuitoa Jambo OpenOffice, programu za ofisi kwa Kiswahili, iliyobeba istilahi zake yenyewe. Mafaili hayo yamekwisha kuwa ya kale. Jedwali la toleo lina nafasi ya kampuni na ya haki ya kunakili, halina nafasi ya mfasiri. Heshi haitasema kwa nini neno hili lilichaguliwa na lile likaachwa, wala ni toleo lipi la kwanza lililokuwa nalo. Kazi hiyo, hata hivyo, ni ya juzi, na walioifanya bado waweza kuulizwa. Atakayeandika daftari la mafaili hayo na aandike jina la faili, ukubwa, toleo na heshi zake, kisha kifurushi alimolipata. Na katika safu ya mwisho, ambayo mashine haiwezi kuijaza, aandike majina ya wafasiri na istilahi walizokubaliana.